Mashine Iliyokuwa na Haraka

Mjomba wangu hupiga gitaa kwa sikio. Noti za kuandikwa hazijui, lakini mchezee wimbo mara mbili, ya tatu anakuwa ameshaingia ndani. Nilipompelekea faili za santuri za marehemu baba, kazi iliyonilia miezi minne ya jioni na Jumapili, alifurahi kama mtoto. Akaliweka gitaa pajani, akaniambia niwashe wimbo wa kwanza. Nikawasha. Akautafuta. Akakaza uzi wa kwanza, akaulegeza, akaukaza tena. Kisha akasimamisha mkono, akanitazama juu ya miwani.

"Mjomba," akasema (sisi huitana hivyo, yeye kwangu na mimi kwake), "wimbo huu umeutoa wapi?"

"Kwenye santuri ya baba, mjomba. Ile yenye ganda la kijani."

"Ile naijua tangu ganda lake halijachanika. Wimbo wake ni wa G. Huu wako si G, wala si G-shapu. Uko katikati, mahali gitaa halina nyumba."

Nilicheka kimoyomoyo, nikasema masikio yamezeeka. Nilipofika nyumbani nikakata kipande cha karatasi, nikakibandika ukingoni mwa lebo ya santuri, nikawasha mashine, na karatasi ilipopita mbele ya mkono nikabonyeza saa ya simu na kuanza kuhesabu. Santuri kubwa huzunguka mara 33⅓ kwa dakika, yaani mizunguko 100 kamili kwa dakika 3. Yangu ilifika 100 ikiwa bado sekunde tano. Nikarudia, ikawa vilevile. Mashine ilikuwa inakimbia kwa karibu asilimia 3. Kwenye gitaa, kutoka noti moja hadi jirani yake masafa hupanda kwa karibu asilimia 6, kwa hiyo nyimbo zote za baba zilikuwa zimesukumwa nusu ya njia kuelekea kwa jirani. Mzee alikuwa amepatia hadi kipimo.

Mashine yenyewe ilikuwa ya kisanduku, mfano wa begi dogo la safari, spika humohumo ndani, tundu la USB nyuma. Tangazo lake ndilo lililoniteka: chomeka, bonyeza, umemaliza. Haikuwa na kitu cha kurekebisha hata kimoja. Mkono ulikuwa wa plastiki, na katriji yake ya seramiki (kile kichwa kidogo kinachobeba sindano) ilikuwa inaikandamiza santuri kwa uzito wa gramu 5 hivi, wakati katriji ya kawaida ya sumaku hutaka gramu 1.5 hadi 2.5. Nilizipitisha santuri 40 chini ya mkono ule. Bado naona aibu kidogo kuandika.

Anayejua kompyuta ataniuliza kwa nini nisipunguze mwendo wa faili kwa asilimia 3 nikalale. Nilijaribu. Wimbo wa kwanza wa upande ukakaa sawa, wa mwisho wa upande uleule ukakataa. Mota ilikuwa inabadilika kadiri inavyopata moto, na sindano nzito ikikutana na sehemu yenye kishindo ilikuwa inaishika santuri kama breki. Huwezi kuunyoosha mwendo unaoyumba kwa namba moja. Tena mwendo ulikuwa kosa dogo. Sauti ya "s" ilikuwa inakwaruza, besi imenyauka, na upande wa kushoto ulikuwa na nguvu kuliko wa kulia. Programu ina uwezo wa kupunguza kilichozidi. Kile ambacho sindano haikukisoma, haina mahali pa kukiokota.

Basi nikaanza upya, na ninayoandika hapa ni ya ile mara ya pili.

Kwenye kuchagua mashine kuna ubishi wa zamani kati ya watu wa mkanda na watu wa mota ya moja kwa moja, na ukiingia bila kujihadhari unaweza kumaliza mwaka humo hujasikia wimbo hata mmoja. Hoja zenyewe ni rahisi. Mota hutetemeka. Sindano imetengenezwa mahsusi kusikia mitetemo. Kwa hiyo mota na sindano lazima zitenganishwe. Edgar Villchur, mmoja wa waanzilishi wa kampuni ya Marekani ya Acoustic Research, mwaka 1961 alitoa mashine ambayo sinia na mkono vimekaa pamoja juu ya springi, na mota ndogo inalizungusha sinia kwa mkanda wa mpira unaomeza mitetemo. (Sinia ndilo hilo duara linalobeba santuri, mimi sijaona jina linalolifaa zaidi.) Kabla ya hapo mashine nyingi nzuri, kama Garrard 301 ya mwaka 1954, zilitumia gurudumu la mpira lililobanwa kati ya mota na sinia: nguvu tele, ila mngurumo nao upo. Kisha mwaka 1970 kampuni ya Matsushita ikatoa Technics SP-10, ambayo mota yake inazunguka polepole na sinia limekaa moja kwa moja juu yake. Miaka miwili baadaye ikaja SL-1200, na toleo lake la pili la mwaka 1979 ndilo lililokuja kuwa chombo cha madijei wa dunia nzima. Walisimamisha kuitengeneza mwaka 2010, mwaka 2016 wakairudisha.

Kwa kusikiliza tu sebuleni, mkanda haunisumbui, mradi ujue kwamba mpira huchoka, hulegea, na hubadilishwa. Kwa kuhamishia muziki kwenye kompyuta nilitaka mota ya moja kwa moja inayojirekebisha yenyewe kwa kioo cha kwatzi, kama kile kinachotunza muda ndani ya saa, kwa sababu nilishaungua mara moja. Nikanunua iliyotumika, nzito kama tofali, ina mikwaruzo kila mahali. Uzito ulinipa moyo. Kabla ya kutoa pesa nilifanya mambo mawili tu. Nililizungusha sinia likiwa tupu nikaliangalia ukingo wake kwa kuinamisha jicho sawasawa nalo, kuona kama linapanda na kushuka. Halafu nikaushika mkono kwa vidole viwili karibu na egemeo lake, nikautikisa taratibu. Mkono usio na hitilafu unaelea bila kukwama na hauna mchezo. Ukisikia "tik-tik" ndogo mahali pale, beringi zimekwisha, mshukuru mwenye mashine na uage. Mikwaruzo, kifuniko kilichopasuka, taa isiyowaka, hayo yote husameheka.

Kitu ambacho sikukubali kukikosa ni jiwe la mizani nyuma ya mkono, na kiganja cha mbele kinachofunguka ili nibadilishe katriji. Mashine isiyo na vitu hivyo imekuamulia kila kitu tangu kiwandani.

Pesa nyingi niliweka kwenye sindano, na hapo ningemshauri hata mwenye mfuko mwembamba afanye hivyo. Tuangalie kazi anayofanya huyu mdudu. Upande mmoja wa santuri wenye dakika 22 una mizunguko zaidi ya 730, na ukiunyoosha mfuo wake, yaani kile kijifereji ambamo sindano hupita, utapata karibu nusu kilomita. Ncha ya almasi isiyofika hata sehemu ya kumi ya milimita inatembea nusu kilomita hiyo ikipima kila kijibonde cha kulia na kushoto kwa wakati mmoja. Pale mwanzoni mwa upande, mfuo unapita chini yake kwa sentimita 51 hivi kwa sekunde. Pale mwisho, karibu na lebo, duara limekuwa dogo na kasi imeshuka hadi 21. Muziki uleule sasa umebanwa kwenye nafasi isiyofikia nusu ya ile ya mwanzo. Ndiyo maana wimbo wa mwisho wa upande ndio hukwaruza kwanza, na ndiyo maana watengenezaji wengi wa albamu walipenda kuweka huko nyimbo za polepole. Ukitaka kuijaribu katriji yoyote, usiijaribu kwa wimbo wa kwanza. Nenda mwisho, tafuta sauti ya mwanamke na matoazi, sikiliza.

Sindano ya ncha ya mviringo, ile ya bei ya chini kabisa, ni mvumilivu lakini haiingii kwenye vijibonde vidogo vya huko mwisho. Ya duaradufu huingia zaidi. Zile za ncha nyembamba zaidi, kama ile iliyobuniwa na Norio Shibata wa JVC, hugusa ukuta wa mfuo kwa mstari mrefu badala ya nukta. Kuna faida hapo ambayo sikuitarajia: santuri iliyolika kwa miaka mingi chini ya sindano za mviringo imelika mahali pamoja tu, na sindano ya umbo jingine hugusa sehemu ya ukuta ambayo haijawahi kuguswa. Santuri moja ya baba niliyokuwa nimeshaihesabu kuwa marehemu ilifufuka hivyo, nusu yake angalau.

Nilichukua katriji ya Audio-Technica ya familia ya VM95, kwa sababu moja ya kivivu: mwili ni mmoja, sindano zinachomolewa na kuchomekwa, kuanzia ya mviringo hadi ya Shibata, na ipo hata ya santuri za 78, zile za zamani zinazozunguka mara 78 kwa dakika. Hizo za 78 ni ulimwengu wake. Mfuo wao ni mpana zaidi sana, sindano ya kawaida huzama chini kwenye vumbi na kuburura huko. Baba alikuwa nazo tatu tu, nikazifanya mwisho.

Kufunga katriji kulinifundisha unyenyekevu. Ndani ya kiganja kuna nyaya nne nyembamba kama nywele za mtoto, kila moja na kibanio chake cha bati. Nyeupe na bluu ni za kushoto, nyekundu na kijani ni za kulia. Nilitumia koleo. Usitumie koleo. Kibanio cha kijani kiling'oka na waya ukabaki umesimama peke yake kama mtu aliyenyang'anywa kofia. Ilibidi nitafute fundi mwenye pasi ndogo ya kulehemu na mkono usiotetemeka. Baada ya hapo nilitumia kibanio cha nyusi cha mke wangu, na kazi ikawa dakika kumi. Alikitafuta siku mbili.

Halafu mizani. Hapa ndipo watu huogopa, na ndipo penye raha kuliko pote. Kwanza mashine iwe sawa: nilitumia pima maji ya fundi mwashi, nikaiweka juu ya sinia na kuizungusha pande zote nne, nikazungusha miguu hadi kipovu kikatulia katikati. Kisha nikazima antisketi (kile kinachouvuta mkono nje kidogo), nikatoa kinga ya sindano, nikaulegeza mkono kutoka kwenye kishikio chake na kuanza kulizungusha jiwe la nyuma. Mara ya kwanza pua ilianguka mbele. Nikarudisha jiwe nyuma, mkia ukaanguka, pua ikatazama dari. Unazungusha nusu ya nusu ya mzunguko, unaachia, unangoja. Inafika hatua mkono unakaa hewani wenyewe, haupandi wala haushuki, ukiupulizia kidogo unaondoka pembeni na kubaki usawa uleule. Hapo ni sifuri. Unaishika sehemu ya nyuma ya jiwe isizunguke, unaigeuza pete yenye namba peke yake hadi 0 isimame kwenye mstari, halafu unazungusha jiwe lote pamoja na pete hadi uzito ulioandikwa na mwenye katriji. Yangu ilisema gramu 2.0.

Nikaipima na kimizani kidogo cha kidijitali. Ikasema 2.3. Pete za zamani hudanganya, au pengine mimi ndiye niliyekosea sifuri. Vyovyote vile niliamini mizani. Na msidhani kupunguza uzito ni kuihurumia santuri. Sindano nyepesi kupita kiasi hurukaruka ndani ya mfuo na kugonga kuta, na huko kugonga ndiko kunakoua. Baba mwenyewe alikuwa akiweka sarafu juu ya mkono ili nyimbo zisiruke. Sindano zake hazikuwa sindano tena, zilikuwa misumari, kwa hiyo nadhani sarafu haikubadilisha mengi. Watengenezaji wengi hutaja maisha ya sindano kati ya saa mia tatu na elfu moja, kutegemea umbo. Yeye hakuwahi kubadilisha.

Baada ya uzito linakuja suala la pembe, na hili nitalieleza kwa sababu lilinichukua jioni nzima kulielewa. Mashine iliyochonga santuri kiwandani ilipeleka kichwa chake kwa mstari ulionyooka kutoka ukingoni hadi katikati. Mkono wetu umefungwa pembeni, unakwenda kwa upinde kama mlango. Kwa hiyo katriji haiwezi kutazama sawa na mfuo safari nzima. Kinachowezekana ni kuisogeza kwenye kiganja, mbele au nyuma, hadi itazame sawa mahali pawili, na kati ya hapo kosa libaki dogo. Kwa hesabu inayotumiwa sana, ile ya Baerwald, mahali hapo ni milimita 66 na 120.9 kutoka katikati ya santuri. Unachapisha karatasi ya protrakta yenye mistari ya pointi hizo, unaitoboa, unaivika kwenye kijiti cha katikati, unashusha sindano juu ya nukta ya kwanza na kuangalia kama pande za katriji zinakwenda sambamba na mistari. Ikikaa sawa kwenye ya kwanza, inagoma kwenye ya pili. Unasogeza nusu milimita. Ya pili inakubali, ya kwanza inagoma. Hakikisha printa haijaipunguza karatasi. Mimi nilihangaika saa nzima na protrakta iliyochapishwa kwa asilimia 97, nikidhani mkono umepinda. Kuanzia siku hiyo napima kwa rula kabla ya kutoboa. Inaelekea asilimia 3 ina ugomvi wa kudumu na mimi.

Mambo yaliyobaki niliyapita haraka. Kioo kidogo chini ya sindano kuona kama imesimama wima ikitazamwa kwa mbele: ukiona sindano na kivuli chake vimenyooka, inatosha. Antisketi niliiweka karibu na namba ya uzito wa sindano, maana mkono huvutwa ndani na msuguano wa mfuo na kuta mbili hazipati uzito sawa usipouvuta nje kidogo. Urefu wa mkono, ule wa kupandisha na kushusha kwa nyuma, niliusawazisha ukiwa sambamba na santuri nikaachana nao. Wapo wanaosikia tofauti ya unene wa karatasi. Mimi simo.

Sasa umeme. Katriji ya sumaku hutoa milivolti 4 au 5 hivi, kitu ambacho tundu la kawaida la amplifaya halisikii. Isitoshe, sauti iliyomo kwenye santuri imepindishwa kwa makusudi: besi imepunguzwa ili mifuo isiwe mipana na kugongana, sauti za juu zimeongezwa ili zipande juu ya mchakacho wa plastiki. Tangu mwaka 1954 kampuni zilianza kuafikiana juu ya mpindo mmoja, wa RIAA (chama cha kampuni za kurekodi za Marekani), ambao kwenye hezi 20 umeshusha karibu desibeli 20 na kwenye hezi 20,000 umepandisha karibu kiasi hichohicho. Priampu ya fono ndiyo inayonyoosha kilichopindwa na kukikuza karibu mara mia. Ukiiruka, unasikia muziki mwembamba kama wa redio iliyofungiwa kabatini. Ukiipitia mara mbili, kwa mfano mashine ina priampu yake ndani na wewe ukaichomeka kwenye tundu la fono la amplifaya, unapata besi inayovimba na kila kitu kinapasuka. Kuna swichi ndogo nyuma, mara nyingi imeandikwa kwa herufi za kusomwa na siafu. Itafute kabla ya kulaumu kitu kingine.

Na mvumo. Usiku wa kwanza nilisikia "vuuu" nzito chini ya kila wimbo. Nikabadilisha nyaya, nikazima friji, nikahamisha mashine upande wa pili wa chumba. Mwishowe nikaona waya mwembamba uliolala nyuma ya meza, ncha yake ikiwa kama uma. Ule ni waya wa ethi. Nikaufunga kwenye skrubu ya priampu, chumba kikanyamaza mpaka nikasikia saa ya ukutani.

Kusafisha kuna mahubiri mengi. Mimi hutumia brashi ya nyuzi za kaboni kila mara kabla ya kucheza, na kwa santuri chafu, maji yaliyogeuzwa mvuke kisha yakapozwa kuwa maji tena, na tone la sabuni isiyo na manukato, kitambaa laini, kufuata mzunguko wa mfuo bila kuukata, kisha suuza na kuacha ikauke wima. Lebo isiloe. Santuri za 78 zisiguse spiriti kamwe: nyingi zimetengenezwa kwa utomvu wa shelaki, na spiriti huiyeyusha. Kadiri ulivyosafisha kabla, ndivyo utakavyokuwa na kazi kidogo kwenye kompyuta, na kazi ya kompyuta ndiyo inayochosha macho.

Kurekodi kwenyewe nilikufanya na Audacity, programu ya bure iliyokuwepo tangu mwaka 2000, pamoja na kisanduku kidogo cha nje cha kubadilisha sauti kuwa namba. Nilichagua biti 24 (usahihi wa kila kipimo cha sauti) na sampuli 96,000 (idadi ya vipimo) kwa sekunde. Hesabu yake ni karibu megabaiti 35 kwa dakika, albamu ya dakika 44 inakula gigabaiti moja na nusu. Ni zaidi ya kinachohitajika? Ndiyo. Biti 16 za CD zina nafasi ya kama desibeli 96 kati ya ukimya na kishindo, na santuri nzuri haifiki huko. Ninachokinunua kwa biti 24 ni uhuru wa kuwa mwoga: naweka kilele cha sauti chini kabisa ya mstari mwekundu, desibeli 6 au hata 9 chini ya sifuri, na sipotezi chochote cha maana. Sauti ikigonga sifuri inakatwa kichwa, na kichwa hicho hakirudi. Mapigo makubwa zaidi mara nyingi huwa ni mpasuko wa mkwaruzo badala ya ngoma, kwa hiyo nilikuwa nikishusha sindano kwenye sehemu yenye kelele nyingi, nasawazisha, ndipo narudi mwanzo.

Hakuna njia ya mkato kwenye muda. Santuri 40 za dakika 44 ni saa 29 na zaidi, ukiwa umekaa hapo. Spika nilizizima au nilishusha sauti, maana spika zikiwa karibu hutikisa meza, meza hutikisa sindano, na sindano huirekodi besi mara ya pili. Nilirekodi upande mzima bila kusimamisha, nikahifadhi faili ghafi kama ilivyo, na nakala yake ndiyo niliyoigusa. Mipasuko mikubwa niliiondoa mmojammoja kwa mkono. Kichujio cha kuondoa mchakacho wote nilikijaribu kwenye wimbo mmoja. Mchakacho uliondoka na ukaondoka na pumzi ya mwimbaji, na mlio wa vidole kwenye nyuzi. Nikafuta, nikaacha kutatarika kuwe kutatarika. Nyimbo nikazikata kwa alama, nikazihifadhi kama FLAC, ambayo hupunguza ukubwa bila kutupa kitu, na nakala za MP3 za kutumiana kwenye simu. Kila ganda nililipiga picha mbele na nyuma, na pia namba zilizochongwa kwa mkono kwenye eneo tupu karibu na lebo, ambazo huonekana tu ukiinamisha santuri kwenye mwanga.

Mwendo je? Mashine hii ina vitone ubavuni mwa sinia, na kitaa chake chenyewe kinavimulika. Vikisimama, mwendo uko sawa. Kwenye diski za karatasi za kazi hiyohiyo utakuta vitone 180 kwa 33⅓ penye umeme wa hezi 50, au 216 penye hezi 60, ila taa nyingi za LED hazimemeteki kwa kufuata umeme, kwa hiyo vitone haviwezi kusimama hata mwendo ukiwa kamili. Nami bado nina ile karatasi yangu. Niliihesabu kabla ya kila kikao: 100, dakika 3.

Miezi sita baada ya ile aibu nikarudi kwa mjomba. Sikumwambia nimebadilisha nini. Akaliweka gitaa pajani. Wimbo wa ganda la kijani ukaanza, akagusa nyuzi mara moja, akaingia, hakutoka hadi mwisho. Wa pili, wa tatu, hivyohivyo. Nikaanza kujiona.

Wimbo wa saba akasimama tena.

"Huu haujakaa," akasema. "Uko chini kidogo."

Moyo ukanishuka. Nilimweleza habari ya karatasi, ya vitone, ya kwatzi. Nikamwambia nyimbo nyingine za upande huohuo, santuri hiyohiyo, amezipiga sasa hivi na zimekaa. Akanisikiliza hadi mwisho bila kunikatiza, kisha akaomba niurudishe mwanzo. Akausikiliza wote na macho amefumba.

"Mashine yako haina kosa, mjomba. Hawa siku hii walityuni chini. Sikia mwimbaji, pale juu hakuwa anapafikia, wakamshushia."

Akalegeza nyuzi zote sita, moja baada ya nyingine, akiwa ameinamisha sikio kwenye spika, kisha akaniambia niwashe.